Maisha kwa Zamu: Waaymara wa Altiplano

Waaymara wanaishi Altiplano, uwanda wa juu uliobanwa na safu mbili za milima ya Andes huko Amerika ya Kusini. Wengi wao ni raia wa Bolivia, ambako sensa ya 2012 iliwahesabu zaidi ya milioni 1. Kusini mwa Peru, hasa mkoani Puno, wapo wengine zaidi ya nusu milioni, na kaskazini mwa Chile kuna jamii zao ndogo. Kitovu cha nchi yao ni Ziwa Titicaca, lililo mita 3,812 juu ya usawa wa bahari. Mpanda Kilimanjaro anayelala Horombo ili mwili uzoee hewa nyepesi bado yuko chini kidogo ya ufukwe ambako Mwaymara huvua, hulima na kuchunga kila siku.

Mchana jua la huko huunguza ngozi. Usiku maji huganda ndooni. Kuanzia Mei hadi Agosti ni kiangazi chenye jalidi karibu kila usiku. Mvua huja kati ya Novemba na Machi, na hata wakati huo mvua ya mawe ya dakika chache huweza kuteketeza shamba zima. Kaya inayojitegemea yenyewe tu haifiki mbali katika nchi ya namna hii. Ndiyo maana kazi, ardhi, uongozi, sherehe na hata kuwahudumia wafu vimepangwa kwa zamu na kwa kudaiana, na anayetaka kuwaelewa Waaymara ni heri aanzie shambani kuliko kwenye mavazi na ngoma zinazopigwa picha na watalii.

Viazi mviringo, ambavyo leo huliwa dunia nzima, vilianza kulimwa na watu wa nyanda hizi maelfu ya miaka iliyopita. Mkulima wa Kiaymara hapandi aina moja. Huchanganya aina nyingi katika shamba moja: nyingine tamu lakini dhaifu mbele ya baridi, nyingine chungu lakini haziuawi na jalidi. Mashamba yenyewe nayo hutawanywa, moja bondeni, jingine mteremkoni, jingine karibu na ziwa, ili balaa likipiga upande mmoja upande mwingine unusurike. Zaidi ya vitalu vya kila kaya, kijiji kina mashamba makubwa ya pamoja yaitwayo aynuqa. Kila familia ina mistari yake humo, lakini uamuzi wa nini kipandwe na lini ni wa wote. Mwaka wa kwanza hupandwa viazi, wa pili kinoa au mazao ya mizizi mbali na viazi, wa tatu shayiri au maharage, kisha ardhi hupumzishwa kwa miaka kadhaa na mifugo ikaachiwa malisho na kuacha samadi.

Siku ya kupanda haichaguliwi kwa kalenda peke yake. Wazee hutazama ndege aitwaye liqi liqi anajenga kiota chake wapi: akijenga juu penye miinuko, mvua nyingi zinakuja, akijenga mabondeni, mwaka ni wa ukame. Mwezi Juni, kabla ya alfajiri, wakulima wa Andes hukitazama Kilimia, kundi lilelile la nyota ambalo hata watu wa Afrika Mashariki walilitumia kupanga kilimo. Kikionekana angavu, viazi hupandwa kwa wakati wake. Kikionekana hafifu, upandaji husogezwa mbele kwa wiki kadhaa. Kwa muda mrefu wasomi waliliona jambo hili kuwa ushirikina mtupu. Mwaka 2000 watafiti watatu, Benjamin Orlove, John Chiang na Mark Cane, walichapisha katika jarida la Nature maelezo yake: katika miaka ya El Niño mawingu membamba sana ya juu huzifunika nyota hizo kwa utando usioonekana kwa macho, na miaka hiyohiyo ndiyo mvua za Altiplano huchelewa na kupungua. Wakulima walikuwa wakisoma anga sawasawa kabla sayansi haijaipa hali hiyo jina.

Jalidi inayoua mazao ndiyo pia jiko la Altiplano. Mavuno yakishaingia, Juni na Julai, familia hupeleka viazi vidogo na vile vichungu kwenye uwanja tambarare ulio wazi, penye baridi kali kuliko pengine. Viazi hutandazwa chini tabaka moja, visilaliane, na kuachwa usiku kucha. Alfajiri ni vigumu kama mawe. Jua likipanda vinayeyuka na kulegea, usiku vinaganda tena, na hivyo hivyo kwa siku kadhaa. Kisha hukusanywa katika mafungu madogo, watu wakavua viatu, wakubwa kwa watoto, na kuvikanyaga kwa miguu mitupu. Kazi hii ina ustadi wake: uzito ukizidi kiazi kinapondeka, ukipungua maji yanabaki ndani na baadaye kitaoza. Mguu huzungushwa taratibu, kisigino kikibana na vidole vikisukuma, mpaka maji yachuruzike na maganda yabanduke. Baada ya hapo viazi huanikwa juani mpaka vikauke kabisa, vikasuguliwa na kupepetwa. Kinachobaki ni chuño, vipande vyeusi vyepesi, vigumu kama kokoto. Kilo nne au tano za viazi hutoa takriban kilo moja. Aina nyingine, tunta, hulowekwa kwa wiki kadhaa katika maji ya mto au dimbwi kabla ya kuanikwa, nayo hutoka nyeupe na huuzwa kwa bei ya juu zaidi.

Chuño iliyohifadhiwa pakavu hukaa miaka bila kuharibika. Kuganda, kukamuliwa na kulowekwa pia huondoa sehemu kubwa ya sumu iliyo katika viazi vichungu, na hivyo zao ambalo lisingelika huwa akiba ya miaka ya njaa. Kabla ya kupikwa hulowekwa usiku kucha, kisha huchemshwa na kuliwa kwa jibini, yai au samaki wa ziwani. Ladha yake, yenye harufu ya udongo, haimpendezi mgeni siku ya kwanza. Lakini bila chakula hiki historia ya uchumi wa Andes ingekuwa nyingine. Mwandishi wa Kihispania wa karne ya 16, Pedro Cieza de León, aliandika kwamba wapo Wahispania waliotajirika kwa kupeleka chuño tu kuiuza kwenye machimbo ya fedha ya Potosí.

Juu zaidi, ambako hata viazi vichungu havioti, uhai hutegemea lama na alpaka. Lama hubeba mzigo wa kilo 25 hivi, hutoa nyama ambayo hukaushwa kwa chumvi na baridi, na samadi yake kavu ndiyo kuni ya nchi isiyo na miti. Zamani misafara ya lama ilishuka na chumvi, sufu na nyama kavu hadi mabonde yenye joto, ikarudi na mahindi na majani ya koka. Siku hizi malori yamechukua sehemu kubwa ya kazi hiyo. Msimu wa mvua, karibu na wakati wa kanivali, mifugo hutiwa alama masikioni na kupambwa kwa vishada vya sufu za rangi kali, wenyewe wakiwanyunyizia pombe na kuwaimbia wanyama kana kwamba ni maharusi. Sufu husokotwa hata mtu akiwa njiani: mwanamke huchunga huku kijiti cha kusokotea kikizunguka mkononi. Kitambaa mashuhuri kuliko vyote ni awayo, chenye mistari ya rangi, ambacho ni mbeleko, mfuko wa sokoni na mkeka wa kulia chakula cha pamoja shambani.

Kiungo cha maisha haya yote ni ayllu, yaani kundi la kaya zinazoshirikiana ardhi, mababu na wajibu. Ndani ya ayllu msaada huitwa ayni. Familia ikitaka kuezeka nyumba, majirani huja na nyasi, kamba na mikono yao. Siku ya jirani kuezeka, deni hulipwa kwa kipimo kilekile, siku kwa siku. Kazi za wote, kama mifereji, barabara na shule, hufanywa kwa msaragambo wa kila kaya. Mambo haya hayaachwi kwa hisani. Kwenye harusi za Waaymara huwekwa mtu wa kuandika daftarini: fulani kaleta kreti mbili za bia, fulani kabandika noti kadhaa kwenye nguo ya bwana harusi. Daftari hilo huhifadhiwa miaka na miaka, kwa sababu kila kilichopokewa kitarudishwa mwenye kutoa atakapokuwa na sherehe yake, na mara nyingi kitarudi na nyongeza.

Uongozi nao huzunguka. Kiongozi wa ayllu, jilaqata, hatafuti kura. Zamu hufika nyumbani kwake kulingana na ardhi anayoishikilia, na huongoza kwa mwaka mmoja. Huvaa poncho, hubeba mjeledi begani kama alama ya cheo, hupatanisha wanaogombea mipaka na hulisha watu kwenye sikukuu kwa gharama zake. Wengi humaliza mwaka wakiwa na heshima kubwa na mfuko mtupu. Jambo la msingi ni kwamba cheo hakishikwi na mtu mmoja. Kinashikwa na mume na mke, naye mke huitwa mama t'alla na ana mavazi na majukumu yake. Mseja hana zamu, maana katika fikra za Waaymara mtu hukamilika kuwa mtu mzima anapooa au kuolewa. Uwili huu wa mume na mke, chacha-warmi, husifiwa sana kama mfano wa usawa. Sifa hizo zina chumvi: mikutanoni mara nyingi wanaume ndio wanaozungumza huku wanawake wakikaa chini pembeni, na ardhi kwa kawaida hurithiwa na wana wa kiume. Miongoni mwa waliolisema hilo waziwazi ni Julieta Paredes, mwanaharakati wa haki za wanawake ambaye mwenyewe ni Mwaymara.

Ndoa haifungwi kwa siku moja. Zamani, na mahali pengine hadi leo, kijana na binti huanza kwa kuishi pamoja kwa wazazi wa kijana, wakipimwa kwa kazi na kwa tabia, kabla ya sherehe ya kanisani. Wazazi wa mvulana hufika usiku kwa wazazi wa msichana na majani ya koka na pombe. Yakipokelewa, mazungumzo yameanza. Mtoto naye huingizwa rasmi katika mtandao wa madeni akiwa bado mdogo. Nywele zake za kwanza haziguswi mpaka siku ya rutucha, ambapo baba wa ubatizo hukata shungi la kwanza na wageni hufuata mmoja mmoja, kila anayekata akitoa fedha au ahadi ya mnyama. Mtoto hutoka hapo akiwa na kipara na mtaji.

Ardhi ambayo mkulima anaipasua kwa jembe nayo ni mdai. Huitwa Pachamama, na hakuna pombe inayonywewa kabla tone la kwanza halijamwagwa chini kwa ajili yake. Milima mikubwa yenye theluji, kama Illimani unaoonekana kutoka mji wa La Paz, ni mababu wanaolinda na kuadhibu. Agosti, kabla ya kupanda, inaaminika ardhi imefungua kinywa na ina njaa. Mwezi huo mganga, yatiri, hupanga juu ya karatasi majani ya koka, peremende zenye maumbo ya nyumba na magari, sufu za rangi, mafuta ya lama na kijusi kikavu cha lama, kisha vyote huchomwa mpaka majivu. Uyatiri hausomewi, inasemekana wengi huitwa kwa kupigwa na radi na kunusurika. Yatiri pia hubwaga majani ya koka juu ya kitambaa na kusoma yalivyoangukia, na majani hayohayo hutafunwa na wakulima na wachimba madini kuzuia uchovu na njaa. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1961 uliyaweka pamoja na dawa za kulevya. Bolivia ilijitoa katika mkataba huo, na mwaka 2013 ikarejea kwa sharti kwamba utafunaji wa jadi uruhusiwe ndani ya mipaka yake.

Waaymara wengi ni Wakatoliki na hawaoni mgongano wowote kati ya misa na tambiko. Wasabato na makanisa ya kilokole, ambayo yameenea hasa tangu karne ya 20, ndiyo yaliyowataka waumini wachague, wakikataza pombe, koka na karamu za watakatifu.

Adhuhuri ya tarehe 1 Novemba wafu hurudi nyumbani. Aliyefiwa hivi karibuni huandaa meza kwa miaka mitatu mfululizo. Juu yake husimamishwa mashina ya miwa kama upinde, pamoja na mabua ya vitunguu ambayo ni matupu ndani, ili marehemu achotee maji ya safari. Huwekwa chakula alichokipenda, sigara kama alivuta, na mikate mingi: mingine ya umbo la mtoto mwenye uso wa rangi, mingine ya ngazi ya kushukia kutoka juu, mingine ya farasi wa kubebea mizigo. Watoto na watu wasiojulikana hupita nyumba kwa nyumba wakimwombea marehemu, na kila sala hulipwa kwa mkate na matunda. Kesho yake adhuhuri meza huvunjwa, wafu wakaagwa makaburini kwa muziki. Msimu wa mvua ndio unaanza, na inaaminika wafu wana mkono katika kuileta. Tarehe 8 Novemba, mjini La Paz, watu hupeleka makaburi makuu mafuvu wanayoyatunza majumbani, yamevishwa kofia na maua, ili kuyashukuru kwa ulinzi wa mwaka mzima. Kanisa limekemea mara nyingi, umati haupungui.

Desturi za zamu zimewahi kugeuzwa kongwa. Wainka, walioziteka falme za Waaymara katika karne ya 15, walidai kazi za zamu kwa ajili ya dola. Katika miaka ya 1570 Francisco de Toledo, aliyetawala Peru kwa niaba ya mfalme wa Hispania, aliuchukua mfumo huo na kuagiza mwanamume mmoja kati ya saba kutoka wilaya 16 aende kila mwaka kuchimba fedha Potosí. Wengi hawakurudi. Mwaka 1781 Julián Apaza, aliyejiita Túpac Katari, aliizingira La Paz kwa miezi kadhaa pamoja na mkewe Bartolina Sisa, aliyekuwa kamanda kwa haki yake mwenyewe. Wote wawili waliuawa kikatili. Tarehe aliyouawa Bartolina, 5 Septemba, sasa ni siku ya kimataifa ya wanawake wa jamii za asili. Baada ya uhuru wa Bolivia mwaka 1825, mashamba makubwa yaliendelea kuwatumikisha Waaymara bila ujira mpaka mapinduzi ya 1952 na sheria ya kugawa ardhi ya mwaka uliofuata. Mwaka 2006 Evo Morales, mtoto wa wachunga lama kutoka Orinoca, aliapishwa kuwa rais, na katiba ya 2009 ikakitambua Kiaymara kuwa miongoni mwa lugha rasmi 36 za asili.

Leo Waaymara wengi ni watu wa mjini. El Alto, juu ya ukingo unaoitazama La Paz kutoka zaidi ya mita 4,000, ilipata kuwa manispaa mwaka 1985 na sasa ina wakazi karibu laki tisa. Alhamisi na Jumapili mitaa yake hugeuka soko kubwa linalouza kila kitu, kuanzia misumari hadi mabasi. Wafanyabiashara waliofanikiwa hujenga maghorofa ya rangi za awayo yaliyobuniwa na Freddy Mamani na wenzake: maduka chini, ukumbi wa harusi katikati, nyumba ya mwenye mali juu kabisa. Wanawake wenye sketi pana za marinda na kofia ndogo za duara, ambao zamani walizuiwa kuingia baadhi ya mahoteli na ofisi, wanasoma habari kwenye televisheni, na mwaka 2019 kundi lao lilipanda Aconcagua, mlima mrefu kuliko yote Amerika, wakiwa wamevaa sketi hizohizo.

Fedha za mjini hutumika sana kwenye ngoma. Katika sikukuu ya Gran Poder mjini La Paz maelfu hucheza morenada kwa vinyago vyeusi vyenye macho yaliyotokeza na vyombo vya mkononi vyenye mlio wa kukwaruza. Maelezo yanayosikika zaidi ni kwamba ngoma hiyo inawaigiza Waafrika waliopelekwa utumwani katika machimbo ya Potosí. Wazao wa Waafrika hao wapo hadi leo katika mabonde ya Yungas, wakilima koka jirani na Waaymara. Wanawake wao wengi walichukua vazi la marinda, na baadhi ya wazao hao hawaipendi sura wanayopewa na vinyago hivyo.

Aliyehamia El Alto hajaachana na ayllu. Mwishoni mwa juma mabasi hujaa watu wanaorudi kupanda, kuvuna au kuhudhuria mkutano, na zamu ya uongozi ikimfikia fundi cherehani au dereva wa mjini, yeye na mkewe hulazimika kurudi kijijini kutumikia mwaka wao au kulipia mtu mwingine. Anayekataa mara ya kwanza hutozwa faini. Anayeendelea kukataa hupoteza shamba, nalo hupewa kaya iliyo tayari kushika zamu.